Aliyewekewa Matanga Akarudi

Mtu akifa kijijini, watu humwona. Mwili wake huoshwa, huvikwa sanda, hubebwa mpaka kaburini, na udongo hutupwa mbele ya macho ya wote. Jamaa hukaa matanga. Na matanga yakiisha wazee huhesabu madeni, hugawanya mali, na kumfariji mjane. Hakuna arudiye kwake akiwa na shaka moyoni. Aliyekufa amekufa.

Lakini askari afaye mbali, vitani, hana kaburi ambalo mama yake aweza kulifagia. Habari yake hufika kwa mdomo wa mwenzake, au kwa karatasi ya serikali, au haifiki kabisa. Jamaa hungoja mwaka wa kwanza, wa pili, wa tano. Mwishowe hulia, na matanga huwekwa pasipo maiti. Basi, ikiwa jioni moja mtu mwenye nguo zilizochakaa anasimama mbele ya nyumba, mbwa wakibweka, na mama mzee anainua taa na kuutambua uso wa mwanawe, furaha yake haina kipimo. Lakini nyuma ya furaha huja swali. Mkewe yuko wapi? Shamba lake lalimwa na nani? Na kama mke amekwisha kuolewa na mwingine, je, ni nani aliyetenda vibaya?

Swali hili lafaa lifikiriwe na kila mtu ajiandaaye kwa ubatizo na kwa ndoa ya Kikristu, kwa kuwa ndani yake mna mambo makubwa matatu: ukweli, uaminifu na huruma.

Askari wa Morotai

Mwaka 1943 kijana mmoja wa kabila la Waamis, mzaliwa wa kisiwa cha Taiwan, aliingia katika jeshi la Japani. Taiwan ilikuwa chini ya Japani tangu mwaka 1895. Kijana huyo alikuwa na jina la kwao, lakini jeshini alijulikana kwa jina la Kijapani, Nakamura Teruo. Alipelekwa mpaka kisiwa cha Morotai, katika nchi iitwayo leo Indonesia. Septemba 1944 majeshi ya Marekani na rafiki zake yalishuka katika kisiwa kile, na Wajapani wakatawanyika mwituni. Vita vilikwisha mwaka 1945, lakini Nakamura hakutoka. Kwanza alikaa na wenzake wachache. Baadaye, kwa miaka kama 20, aliishi peke yake katika kibanda alichojijengea, akilima shamba dogo. Wakubwa wa jeshi walikuwa wamekwisha kuliandika jina lake katika hesabu ya wafu.

Desemba 1974 askari wa Indonesia walimkuta akiwa hai, mwenye umri wa miaka 55. Alirudishwa Taiwan mwanzoni mwa mwaka 1975. Aliikuta serikali nyingine na lugha nyingine ya serikali. Hata yeye mwenyewe alikuwa ameandikiwa jina jingine, la Kichina. Na mkewe, akiamini kwamba mumewe amekufa, alikuwa ameolewa na mtu mwingine. Nakamura hakuishi miaka mingi baada ya hayo. Alifariki mwaka 1979.

Hakuwa peke yake. Mjapani mmoja, Yokoi Shoichi, aligunduliwa katika kisiwa cha Guam Januari 1972, baada ya kujificha miaka zaidi ya 27. Mama yake alikuwa amemtengenezea jiwe la kaburi mwaka 1955, kwa kuwa serikali ilisema mwanawe amekufa. Yokoi alipofariki kweli, mwaka 1997, alizikwa chini ya jiwe lile lile. Mama alikuwa amemlilia mtu aliye hai. Lakini nani atasema kwamba machozi yake yalikuwa ya uongo?

Wala mambo haya si ya nchi za mbali tu. Askari wa Kongo walipigana hata wakaingia Tabora, Septemba 1916. Mwaka 1941 walifika Uhabeshi, hata Waitalia wakajisalimisha mbele yao kule Saio. Na tangu mwaka 1996 vita vya upande wa mashariki vimewatenga watu wengi na nyumba zao. Kwa hiyo ziko familia zilizongoja bila kujua kama wampikie mtu chakula au wamwombee katika wafu.

Swali la zamani

Eklezya iliulizwa swali hili tangu kale. Mwaka 452 Attila, mfalme wa Wahuni, aliuvunja mji wa Akwileya, kaskazini mwa Italia. Wanaume wengi walichukuliwa mateka. Wake zao wakadhani wamekufa, au kwamba hawatafunguliwa kamwe; na kwa upweke na shida, baadhi yao wakaolewa tena. Kisha baadhi ya mateka walirudi. Askofu wa mji, jina lake Nisetas, hakujua la kufanya, akamwandikia Papa Leo wa Kwanza, yule aitwaye Leo Mkuu. Jibu lilitoka mwaka 458.

Papa Leo alijibu mambo mawili, na yafaa yashikwe yote mawili pamoja. La kwanza: ndoa ya kwanza ndiyo ndoa. Mume arudiye, ikiwa bado anampenda mkewe na kumtaka, arudishiwe. Na mke anayekataa kwa makusudi, kwa ajili ya kumpenda huyu wa pili, anastahili kukemewa na hata kutengwa na ushirika wa Eklezya. La pili: yule mwanamume wa pili asihesabiwe kuwa mkosaji, wala asionekane kama mnyang'anyi, kwa maana alimwoa mwanamke aliyedhaniwa kuwa mjane.

Kabla ya Leo, katika karne ya 4, Mtakatifu Basili, Askofu wa Kaisarea, alikuwa ameandika juu ya wake wa askari hasa. Alisema kwamba mke wa askari aliyeolewa mumewe akiwa hayupo yu chini ya sheria ile ile kama wake wa wasafiri. Lakini yastahili kumhurumia kidogo zaidi, kwa sababu habari ya kifo cha askari ni rahisi kusadikiwa. Hivyo Basili aliitazama sheria, akayatazama na maisha ya watu.

Ukweli haufuati mawazo ya watu

Watu wengine husema: «Wote waliamini kwamba amekufa. Serikali iliandika. Matanga yaliwekwa. Basi ndoa ile ilikwisha.» Neno hilo laonekana kuwa na nguvu, lakini lina kosa ndani yake.

Imani ya watu haimwui mtu. Wakati wa matanga yake Nakamura alikuwa akipanda na kuvuna. Karatasi ilisema yu mfu, na yeye alikuwa akiwasha moto wake wa jioni. Kama kijiji kizima kikisadiki kwamba daraja ni zima, na mto umekwisha kulibomoa usiku, msafiri wa kwanza ataanguka majini. Ukweli hausubiri kukubaliwa na watu. Ndivyo ilivyo na kifungo cha ndoa: kifo hukifungua, lakini uvumi wa kifo haukifungui.

Kwa sababu hiyo sheria ya Eklezya hairuhusu haraka. Kadiri ya sheria iliyotolewa mwaka 1983, kanuni 1707, kama hakuna hati ya kweli ya kuthibitisha kifo, mke au mume aliyebaki hahesabiwi kuwa huru mpaka Askofu atamke kwamba yule mwingine anadhaniwa amekufa. Na Askofu hatamki kabla ya kuuliza mashahidi, kupima habari zisemwazo, na kutazama dalili zote. Kutokuwapo peke yake, hata kwa muda mrefu, hakutoshi. Tena tamko hilo si upanga wa kukata kifungo. Ni mlango uliofunguliwa kwa sababu akili ya watu, baada ya kutafuta kwa bidii, imefika mwisho wake. Mtu akirudi hai, ukweli wake washinda tamko.

Je, mwanamke ana dhambi?

Hapa lazima kupambanua, kwa maana wanawake watatu waweza kufanya tendo lile lile na mioyo yao isifanane.

Wa kwanza aliuliza. Alikwenda misioni, akamwona padri. Alituma barua jeshini. Aliwatafuta wenzake mumewe waliorudi, akawauliza mmoja mmoja. Alingoja miaka mingi, akilima peke yake na kuwalea watoto. Ruhusa ilipotolewa, aliolewa mbele ya Eklezya. Huyu hana dhambi. Alitenda kwa dhamiri safi, na dhamiri safi iliyotafuta ukweli haishtakiwi kwa sababu haikuupata.

Wa pili alisikia neno sokoni, naye akafurahi kulisikia. Hakuuliza tena, kwa kuwa aliogopa jibu. Huyu asema: «Sikujua.» Ni kweli hakujua, lakini hakutaka kujua. Mtu afumbaye macho ili asione shimo, akianguka, asilaumu giza.

Wa tatu alijua. Alipokea barua, akaificha. Huyu hana haja ya mwalimu wa kumweleza. Moyo wake wamweleza usiku na mchana.

Lakini kabla ya kumhukumu mwanamke yeyote, kijiji nacho kijiulize. Nani aliyeleta habari ya kifo? Labda askari mwenzake alimwona mtu akianguka, naye akasema, «Nimemwona amekufa.» Kati ya kuanguka na kufa pana safari ndefu. Neno moja lililozidi ukweli laweza kuvunja nyumba mbili. Wengine hulinda maneno kama hayo kwa methali: Lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Methali hiyo hufundisha kwamba mtu asipuuze habari. Haimpi ruhusa ya kuitangaza kama shahidi. Na wazazi je? Wako wazee waliomsukuma binti yao aolewe haraka, si kwa kumhurumia, bali kwa tamaa ya mahari ya pili. Wako na ndugu wa mume waliomharakisha mjane, wapate kumrithi yeye pamoja na shamba. Mumewe akirudi, watu hao humnyooshea kidole mwanamke, nao husahau mikono yao wenyewe.

Mume wa pili na watoto

Mwanamume aliyeoa kwa haki mtu aliyedhaniwa kuwa mjane hupatwa na msiba usio na matanga. Mke wake yu hai, naye hampati. Watu wa kijiji hawamlilii. Mara nyingine humcheka. Hilo ni jambo la aibu. Papa Leo alikataza asihesabiwe mkosaji, na anayemcheka anamhesabu kuwa mkosaji. Yafaa wazee wamheshimu, warudishe mahari yake kama desturi na haki zinavyotaka, wasimfukuze usiku kama mwizi.

Tena watoto waliozaliwa katika ndoa ile ya pili si watoto wa uzinzi. Eklezya, katika kanuni 1137, huwahesabu kuwa watoto wa halali wale waliozaliwa katika ndoa iliyodhaniwa kuwa ya kweli. Mtoto asipewe jina baya kwa sababu ya vita ambavyo vilianza kabla hajazaliwa. Baba yake abaki baba yake: amlishe, amsomeshe, amtembelee.

Hapa yuko mtu atakayeuliza kwa uchungu wa kweli: «Mwanamke huyu ameishi na mume wa pili miaka kumi. Wana watoto wanne. Je, kuivunja nyumba iliyosimama kwa ajili ya nyumba iliyoanguka zamani si ukatili?» Swali hilo lisidharauliwe. Asiyeusikia uzito wake hajawahi kumwona mtoto akilia mlangoni.

Papa Leo alifananisha haki ya mume na haki ya mtu aliyetekwa, ambaye akirudi hurudishiwa shamba lake na nyumba yake. Mfano huo wafundisha kwamba haki haifi kwa sababu mwenyewe hakuwapo. Lakini haufundishi kwamba mwanamke ni shamba. Shamba halina moyo wala kumbukumbu; halikulia, halikungoja, halikupenda. Mke hachukuliwi kwa kamba kama mbuzi. Yeye huitwa, naye huitika, kwa sababu alitoa neno lake siku ya ndoa, na neno lile lilikuwa lake mwenyewe, si la mahari. Kwa hiyo haki na ifanyike, lakini isifanyike kwa usiku mmoja, wala kwa fimbo. Padri aulizwe, wazee wa pande zote wakae, malezi ya watoto yapangwe. Na kama jeraha ni kubwa hata wale wawili wa kwanza hawawezi kukaa tena nyumba moja kwa amani, kifungo chabaki kifungo, lakini hakuna ruhusa ya kuongeza fujo juu ya msiba.

Deni la yule aliyerudi

Watu humtazama yule aliyerudi kama mtu anayedai. Ni kweli ana haki. Lakini naye ana deni.

Kwanza, asirudi kama hakimu. Alipokuwa mbali aliibeba nyumba yake moyoni kama alivyoiacha: mke kijana, mtoto wa mgongoni, baba mwenye nguvu. Lakini nyumba haikusimama. Mtoto ameota ndevu, baba yu kaburini, mke amechoka. Wale waliomwekea matanga hawakumfukuza. Walimlilia kwa sababu walimpenda. Neno la kwanza lifaalo kinywani mwake ni hili: «Mama, poleni kwa machozi mliyonililia.» Akianza kwa kuuliza, «Nani aliyekula mali yangu?» ameleta vita mlangoni mwake.

Pili, ajichunguze. Nakamura mwituni hakuwa na njia ya kuandika barua. Lakini si kila askari aliyenyamaza alikuwa mwituni. Yuko aliyeweza kutuma habari, asitume. Yuko aliyejipatia mwanamke mwingine kambini, akazaa naye, akasahau njia ya kwao mpaka uzee ulipomkumbusha. Mtu huyo alijiua mwenyewe katika macho ya mkewe. Atamwulizaje, «Kwa nini hukuningoja?» na yeye hakungojeka? Uaminifu ni kifungo cha watu wawili. Amri ni moja kwa mke na kwa mume, na vita haviifuti kwa mwanamume ili kuiacha kwa mwanamke peke yake.

Huzuni isiyo na mkosaji

Baada ya kupima hayo yote, labaki jambo moja gumu kuliko yote. Mara nyingine mke aliuliza vema, mume alinyamazishwa na vita, mwanamume wa pili alioa kwa haki, wazee walitenda kwa unyofu. Na hata hivyo machozi yapo katika nyumba zote mbili. Hapo moyo wa mtu hutafuta mkosaji. Ndiyo desturi ya moyo: mtoto akiugua, watu huuliza nani aliyemroga, mvua ikikosa, huuliza nani aliyeizuia. Huzuni ikiingia nyumbani, watu hutaka kumwona mtu wa kumfunga.

Lakini si kila huzuni ina mkosaji nyumbani humo. Wakubwa wanaopeleka vijana vitani watatoa hesabu yao mbele ya Mungu. Hiyo haitatolewa na mjane wa kijijini. Na pasipo mkosaji, wajibu wabaki. Hili ndilo jambo ambalo wengi hawalifahamu. Hudhani kwamba asiye na kosa hadaiwi kitu. Sivyo. Mume wa pili hana kosa, lakini adaiwa kumwachilia mke wa mwenzake. Mke hana kosa, lakini adaiwa kulishika neno alilolitoa kwanza. Mume aliyerudi hana kosa, lakini adaiwa uvumilivu na shukrani. Kijiji hakina kosa, lakini chadaiwa ulimi wenye adabu.

Mtu mwovu hulipa akishurutishwa, kwa sababu amekosa. Mtu mwema hulipa hata pale asipokosa, kwa sababu ukweli umeonekana na jirani yake anautazamia. Ukweli huo waweza kuja umechelewa, jioni, umevaa nguo zilizochakaa, wakati kila kitu nyumbani kimekwisha kupangwa bila wenyewe. Hata hivyo ni lazima kuufungulia mlango, kuupa maji na kiti, na kukaa nao mpaka kuche, ili asubuhi wazee waitwe na neno la kwanza litafutwe pamoja.